Mdogo wangu kajidunga damu ya mwenzake mwenye unga mwilini. Naombeni ushauri wa haraka

Dada wa Mbagala (Jumapili, saa 4:10 usiku)

Wakubwa shikamooni, wengine habari za jioni. Huwa nasoma tu humu, sijawahi kuanzisha uzi. Leo usingizi umekataa kabisa.

Nina mdogo wangu wa kiume, ana miaka 24. Wazazi wetu walitangulia zamani, nimemlea mimi tangu yuko darasa la tano. Anatumia unga, yaani heroini. Alianza na kokteli, ule unga wanaochanganya na bangi kwenye msokoto, na mwaka jana akahamia kwenye sindano. Nimeshapiga kelele, nimeshalia, nimeshampeleka kwa mchungaji na kwa shehe. Yote nimefanya.

Jana nafua suruali yake, nikapapasa mfukoni nikakuta bomba la sindano limeviringishwa kwenye kipande cha mfuko wa nailoni. Ndani kuna damu imeganda, nyeusi, imefika karibu na nusu ya bomba. Nikaishiwa nguvu. Mawazo yangu yalikuwa labda anajitoa damu, labda kuna mambo ya kishirikina. Leo nimemkalisha chini, amezungusha maneno weee, mwisho akalia akasema ukweli.

Ijumaa hakuwa na hata mia. Arosto, yale mateso ya kukosa unga, ilimshika tangu asubuhi, anatapika, anaharisha, makamasi yanachuruzika, mifupa inamuuma mpaka anajikunja kama mtoto. Kuna dada mmoja wa hapo maskani, kijiweni kwao, alikuwa na kete moja tu, yaani kipakiti kimoja cha unga. Huyo dada akajidunga, halafu akavuta damu yake mwenyewe kwenye bomba, akampa mdogo wangu. Naye akajidunga ile damu! Anasema wenyewe wanaita flashi, na kwamba asiye na hela akipewa damu ya aliyekwisha kujidunga, arosto inashuka. Aliingiza nusu, iliyobaki ikaganda ndiyo hiyo niliyoikuta.

Naombeni mnisaidie. Hiki kitu kinafanya kazi kweli au wanadanganyana? Kuna hatari gani? Jirani ananiambia nimfungie chumbani wiki mbili mpaka uteja utoke. Na huyo mwanamke nikimkamata sijui nitamfanya nini, maana amemtilia mdogo wangu damu yake bila hata ya aibu.

---

Muuguzi wa Zamu (saa 4:26 usiku)

Dada pole sana. Kabla ya yote nijibu swali moja: Ijumaa ilikuwa saa ngapi? Muulize sasa hivi, usingoje asubuhi.

---

Dada wa Mbagala (saa 4:41 usiku)

Anasema ilikuwa baada ya taarifa ya habari kuanza, kwenye saa 2 usiku.

---

Muuguzi wa Zamu (saa 5:05 usiku)

Basi zimepita saa 50 na kitu. Zimebaki kama 21.

Nisikilize vizuri. Kuna dawa za kuzuia VVU visishike mwilini baada ya mtu kuingiwa na damu ya mwenzake. Sisi tunaita PEP, ni ARV za siku 28. Sharti zianze ndani ya saa 72, na kila saa inayopita nguvu yake inapungua. Kesho hiyo hiyo alfajiri mtoe kitandani mwende hospitali ya wilaya au ya rufaa, sehemu ya dharura au kliniki ya huduma na matibabu ya VVU. Watampima kwanza. Akiwa hana maambukizi wanamwanzishia. Akikutwa nayo tayari, hiyo PEP haimhusu tena, anaingia kwenye matibabu ya kawaida, na hapo napo si mwisho wa maisha.

Kuna mhudumu anaweza kukwambia dawa hizi ni za watumishi waliojichoma kazini na waliobakwa tu. Usibishane naye kwa ukali, na usiondoke pia. Sema hivi: "Ameingiwa na damu ya mtu mwingine moja kwa moja kwenye mshipa, Ijumaa saa 2 usiku." Omba kuonana na daktari au msimamizi wa kitengo. Mdogo wako asione haya kusema ukweli wote, kwa sababu akisema alijikwaruza na msumari hawatampa.

Hilo bomba ulilolikuta usilifunike kifuniko, usilitupe jalalani watoto wakalikanyaga. Chukua chupa ngumu ya plastiki, litumbukize humo, funga vizuri, kesho uende nalo hospitali walitupe wao. Kama ulichomwa wakati unapapasa mfuko, sema na wewe upimwe.

Nikirudi kutoka wodini nitaeleza hatari zenyewe.

---

Baba Tatu (saa 5:20 usiku)

Mimi nitasema ukweli mchungu. Teja hana dawa zaidi ya kufungiwa. Nunua kufuli, mpe uji na maji, akilia mwache alie. Baada ya siku kumi na nne atatoka mtu mpya. Hizi hospitali mtazunguka tu.

---

Mama wa Watatu (saa 5:52 usiku)

Baba Tatu, ndugu yangu, naomba unisome.

Mwanangu wa kwanza nilimfungia. Siku kumi na sita, chumba cha uani, mlango wa chuma. Siku tano za kwanza alipiga ukuta mpaka ngozi ya vidole ikatoka. Halafu akatulia. Akaanza kula. Akanenepa mashavu, akawa anacheka na wadogo zake dirishani, nikamshukuru Mungu, nikaita majirani waje waone. Siku ya kumi na saba nikamfungulia, nikampa elfu mbili akanyoe. Jioni tukaitwa kwenda kumtambua. Alikuwa amekaa ameegemea ukuta wa choo cha maskani, sindano bado iko mkononi.

Daktari ndiye aliyenieleza baadaye. Mwili ukipumzika na unga unasahau ile dozi. Mtu akirudi kwenye kipimo chake cha zamani, kilichokuwa cha kawaida kwake, kinamzimisha pumzi. Hakuna aliyeniambia hilo kabla. Dada wa Mbagala, kufuli usinunue.

---

Baba Tatu (saa 6:03 usiku)

Mama pole sana. Sikulijua hilo. Nimefuta kauli yangu.

---

Nilitoka 2011 (Jumatatu, saa 11:15 alfajiri)

Nimeamka kuswali nikaona huu uzi. Nitaandika kirefu, mnivumilie.

Mimi nilikuwa teja miaka zaidi ya kumi. Mwanzoni tulikuwa tunavuta brauni, unga wa rangi ya kahawia, inachomwa kwenye karatasi ya sigara, unafukuza moshi. Ilipoingia ile nyeupe, mwisho wa miaka ya tisini kuelekea 2000, inayeyuka kwenye maji bila shida, ndipo sindano zikajaa mtaani. Flashi nimeiona kwa macho yangu, na nimepewa. Mara mbili.

Dada ameuliza kama inafanya kazi. Siku ile nilipopewa ningekuapia kwamba inafanya. Nilikuwa nimekaa kwenye tofali, jasho la baridi linanitoka, tumbo linasokota. Ile damu ilipoingia tu, bado ina joto, nikahisi mabega yanashuka. Nikapumua. Nikamwambia mwenzangu "imekubali". Baada ya kama dakika kumi na tano nikaanza kutapika upya, na safari hii vibaya zaidi.

Nilipokuja kuingia matibabu nilimuuliza daktari kuhusu jambo hili, akanichorea kwenye karatasi. Mtu mzima ana damu kama lita tano. Ukijidunga kete yako, moyo unaizungusha mwili mzima kwa muda kama wa dakika moja. Sasa ukivuta mililita tano kutoka kwa huyo mtu, umevuta sehemu moja kati ya elfu ya damu yake, kwa hiyo umepata kama sehemu moja kati ya elfu ya kete. Chukua kete, igawe mafungu elfu moja, chukua fungu moja. Na heroini yenyewe haikai kwenye damu ikiwa heroini, ndani ya dakika chache tu mwili umeshaanza kuivunjavunja. Kilichonishusha mabega ilikuwa imani na ile sindano yenyewe, maana teja akiona sindano tu mwili unajiandaa.

Kwa hiyo unga hupati. Ila vilivyomo kwenye damu ya mwenzako unavipata vyote, hivyo havigawanyiki kwa elfu moja. Mwambie mdogo wako hiyo hesabu. Mimi hakuna mahubiri yaliyonigusa kama ile karatasi.

Nilitoka na virusi vya homa ya ini. VVU nilinusurika kwa rehema tu. Yule aliyenipa damu alifariki 2009, na alinipa kwa mapenzi, kete ilikuwa yake na angeweza kuniacha nife na arosto yangu.

---

Muuguzi wa Zamu (saa 12:30 asubuhi)

Nimetoka zamu. Kaka hapo juu ameeleza vizuri kuliko ambavyo ningeeleza mimi.

Niongeze kuhusu damu yenyewe. Hesabu zinazotumiwa na madaktari zinaonyesha kwamba ukichangia sindano na mtu mwenye VVU asiyetumia dawa, uwezekano wa kuambukizwa ni kama mara 63 katika kila mara 10,000. Ukiongezewa damu yenye VVU, uwezekano unapita mara 9,000 katika 10,000. Tazameni tofauti hiyo. Sindano iliyotumika inabaki na tone, na mfuko wa damu wa hospitali una karibu nusu lita. Flashi ni mililita kadhaa za damu mbichi, yenye joto, kutoka mshipa hadi mshipa. Imelivuka tone kwa mbali sana.

Na haya mambo hayakuanzia ughaibuni. Watafiti, akina Sheryl McCurdy na wenzake, waliuandika mtindo huu kwa mara ya kwanza hapa hapa Dar es Salaam mwaka 2005. Walisimuliwa na wanawake wanaojidunga, wengi wao wakiishi kwa kuuza miili. Tafiti za Dar za miaka hiyo ziliwakuta zaidi ya nusu ya wanawake wanaojidunga wana VVU. Nadhani mmeona kwa nini jana usiku nilikimbilia kuuliza saa.

VVU siyo peke yake. Virusi vya homa ya ini B na C vinapita kwa urahisi zaidi, na kile cha C kwenye majaribio ya maabara kimekutwa hai ndani ya bomba la sindano hadi siku 63. Kaswende inapita. Malaria nayo inapita kwa damu, hili wengi hawalifikirii. Halafu kuna makundi ya damu. Hospitalini hatumtundikii mgonjwa damu kabla ya kuilinganisha na yake. Maskani hakuna anayelinganisha. Damu ya kundi lisiloelewana na lako, mwili unaishambulia, chembe zinapasuka, na zikiwa nyingi figo zinaziba. Mwangalie mdogo wako kwa homa ya ghafla, kutetemeka, maumivu makali ya mgongo, au mkojo wenye rangi ya kahawa iliyokolea. Akiona lolote kati ya hayo asingoje kliniki, aende dharura.

Kuna jambo la mabonge ya damu iliyoganda pia. Mdogo wako alibakiza nusu ikaganda mfukoni. Wapo ambao arosto ikirudi huichukua ile ile, wanaitikisa, wanatia maji, wanajidunga. Muulize kwa upole kama alikuwa na nia hiyo. Bonge la damu na wadudu walioota humo linaenda moja kwa moja kwenye moyo na mapafu. Nimeuguza kijana wa miaka 19 ambaye valvu ya moyo wake iliharibika hivyo. Alikuwa anahema akiwa amekaa, hawezi kulala chali.

Mkienda, ombeni pia kipimo cha homa ya ini B na C. Kama hana B, achanjwe. C siku hizi ina vidonge vya wiki 8 hadi 12 na wengi wanapona kabisa, kwa hiyo kaka Nilitoka 2011, kama hujatibiwa, nenda.

Mko njiani?

---

Dada wa Mbagala (saa 1:12 asubuhi)

Tuko kwenye daladala. Anatetemeka, nimemfunika kanga yangu. Arosto imemwanza. Anasema anaogopa watamwita polisi.

---

Nilitoka 2011 (saa 1:20 asubuhi)

Mwambie kaka yake mmoja amesema hospitali ni kwa ajili ya kutibiwa. Kaa karibu na mlango, akitaka kutapika atoke nje, akirudi akukute palepale ulipo. Arosto inatesa kupita maelezo lakini mtu mzima mwenye afya haimwui, maadamu anakunywa maji ya kutosha kufidia anayotapika na kuharisha. Saa tatu hizi akizivuka na wewe pembeni ni ushindi mkubwa.

---

Kijana wa Keko (saa 3:05 asubuhi)

Nawafuatilia. Naomba kuchangia kidogo. Afrika Kusini wanaotumia nyaope, unga unaochanganywa na bangi na vitu vingine, nao walifika huko huko, magazeti yao yalianza kuliandika 2017, wao wanaita Bluetooth. Na Fiji, visiwa vya Pasifiki ambako watu hawafiki hata milioni moja, serikali ilitangaza mlipuko wa VVU Januari 2025. Kuchangia sindano na mtindo huu vimetajwa miongoni mwa sababu. Huko hata si unga wetu, wanajidunga zile za kuchangamsha.

---

Mkisauni (saa 4:40 asubuhi)

Assalamu alaikum dada. Mie niko Mombasa, nafanya kazi ya kuwatembelea mateja vichochoroni, mwelimishaji rika. Huku flashi tunaisikia pia, hasa unga ukiadimika.

Muangalie mdogo wako mwilini, taratibu, kwa ruhusa yake. Mikono ikishachoka, mishipa ikajificha, vijana wanahamia kinenani, wengine shingoni. Nina kijana wangu mmoja, fundi mzuri wa mbao, alikuwa anajidunga kinena kile kile kila siku. Siku moja ananionyesha mguu wa kushoto umevimba mara mbili ya wa kulia, ngozi imenyooka inang'aa, ukibonyeza kidole kinaacha shimo. Damu ilikuwa imeganda kwenye mshipa mkubwa. Lile bonge likikatika likapanda mapafuni mtu anaondoka hapo hapo. Tulimkimbiza hospitali, mguu haukukatwa, lakini hadi leo anatembea na fimbo. Na pale pale kinenani mshipa umelala jirani na ateri, mkono ukiteleza kidogo akapiga ateri, damu inaruka wala haizuiliki kwa kitambaa.

Maji wanayochanganyia nayo ni shida. Nimewaona wakichota ya mtaroni. Mwingine anatumia mate. Majipu yale mnayoyaona mapajani, maji hayo nayo yanachangia. Ukimuona mdogo wako ana jipu, usimkande kwa maji moto ukaishia hapo, apelekwe lipasuliwe na apewe sindano ya pepopunda.

Mkishamaliza la leo, ulizieni methadoni, dawa ya hospitali inayoshika nafasi ya unga na kuzuia arosto. Huku tunayo Kisauni na Malindi. Huko kwenu mmetutangulia, Muhimbili ilianza 2011.

---

Nilitoka 2011 (saa 5:02 asubuhi)

Naam, na mimi ni wa mwaka huo huo, ndiyo maana ya jina langu. Dada, kwa upande wenu wa Mbagala ulizia kliniki ya hospitali ya Temeke. Mara nyingi watakutaka upitie kwanza kwenye asasi ya jamii inayofanya kazi na watumiaji, wanamwandaa, wanamwandikia, anaenda na mtu. Dawa ni ya maji, anakunywa mbele ya mtoa dawa, kila siku, bila malipo. Wanaanza na kiasi kidogo wanapandisha polepole.

Wiki mbili za kwanza ndizo za kumshika mkono. Dozi bado haijatosha, arosto inamchungulia, na akichanganya na unga au na pombe au na vidonge vya usingizi anaweza kulala asiamke. Siku ukimkuta midomo ya bluu, anakoroma kwa shida, mboni ndogo kama ncha ya pini, ukimwita haitiki, usimmwagie maji wala usimnyweshe maziwa. Kama anapumua mlaze ubavu, kama hapumui mlaze chali umpulizie mdomoni, piga kelele upate gari. Anayepumua ukimwacha chali atapaliwa na matapishi.

---

Dada wa Mbagala (saa 11:48 jioni)

Wakuu tumerudi. Nimekaa mlangoni, yeye amelala.

Ilikuwa kama Muuguzi alivyosema. Dirisha la kwanza waliniambia hizo dawa si za mateja, tena kwa sauti, watu wote wakageuka. Mdogo wangu akainuka kutaka kuondoka, nikamshika shati. Nikarudia yale maneno yako neno kwa neno, damu ya mtu mwingine, moja kwa moja kwenye mshipa, Ijumaa saa 2 usiku. Nikaomba msimamizi. Akaja mama mmoja mtu mzima, akatuingiza chumbani, akafunga mlango, akamwita mdogo wangu "mwanangu". Hapo mdogo wangu akasema kila kitu. Kumbe ile ya Ijumaa ilikuwa ya pili, ya kwanza ilikuwa miezi mitano iliyopita, mimi alinificha.

Kipimo cha VVU kimesoma hana. Kidonge cha kwanza amemeza mbele yangu saa 6 na dakika 20 mchana. Saa 64 na kitu, nimehesabu. Homa ya ini B hana, amechomwa chanjo ya kwanza. C majibu bado.

Nilimwonyesha ile hesabu ya mafungu elfu moja kwenye simu wakati tunasubiri. Aliisoma mara mbili, akaniuliza, "Sasa mbona nilisikia nafuu?" Nikamsomea ya kaka. Akanyamaza mpaka tunaitwa.

Swali langu kwa Muuguzi, hizi siku 28 akitapika dawa inakuwaje?

---

Muuguzi wa Zamu (saa 12:15 jioni)

Alhamdulillah. Akitapika muda mfupi baada ya kumeza, mrudi kliniki muulize kama arudie, msiongeze wenyewe. Muda wa kumeza uwe ule ule kila siku, saa 6 mchana ni nzuri, weka kengele kwenye simu yako. Asiruke hata siku moja. Atapimwa tena baada ya wiki sita na baada ya miezi mitatu, kwa sababu virusi vikiwa vichanga kipimo hakivioni.

Dada, niseme jambo ambalo hukuliuliza. Yule dada wa maskani. Na yeye anahitaji kupimwa.

---

Dada wa Mbagala (saa 12:31 jioni)

Dada Muuguzi, nakuheshimu sana na umemsaidia mdogo wangu, lakini huyo mwanamke usinitajie. Siwezi.

---

Mama wa Watatu (saa 1:10 usiku)

Si lazima leo, mwanangu. Lala kwanza.

---

Dada wa Mbagala (baada ya wiki saba)

Wakuu, nimerudi kama nilivyoahidi.

Siku 28 alimaliza, hakuruka hata moja. Kipimo cha wiki sita kimesoma hana. Tunasubiri cha miezi mitatu. Homa ya ini C anayo, tumeambiwa inatibika na tumeandikishwa. Methadoni ana wiki ya nne. Asubuhi saa 12 anatoka, anarudi saa 4, halafu analala kidogo. Juzi amenichotea maji ndoo tatu bila kuambiwa.

Yule dada nimemwona.

Sikupanga. Nilienda kumnunulia mdogo wangu ndizi, nikamkuta amekaa nyuma ya kibanda cha chipsi, mwembamba, mguu mmoja amefunga kitambaa. Mdogo wangu alishanielekeza anavyofanana, ana kovu hapa juu ya jicho. Nilikuwa nimejiandaa maneno tangu siku ile. Nikasema mimi ni dada yake fulani. Kabla sijaendelea akainuka kwa taabu, akauliza, "Anaendeleaje? Niliambiwa amepotea, nikajua ameshakufa."

Nikakaa naye chini. Akaniambia siku ile mdogo wangu alikuwa anamlilia, anamwita dada, anamwita kwa jina langu. Kete ilikuwa moja na yeye mwenyewe alikuwa na arosto, akaona wagawane kwa namna hiyo. Na yeye alifanyiwa hivyo na rafiki yake miaka ya nyuma. Hajawahi kupimwa. Nikamweleza habari ya lita tano na sehemu moja kati ya elfu, nilivyoisoma humu, akawa anatazama mikono yake. Akasema hospitali walishamfukuza mara mbili, hataki tena.

Kitambaa cha mguu kilikuwa kinanuka. Nilimfungua, kumbe ni jipu, lina usaha, liko kinenani kama alivyosema Mkisauni, limeshuka mpaka pajani.

Nimezungumza na yule mama msimamizi wa siku ile, amesema nimlete Alhamisi saa 2 asubuhi, niingie mlango wa pembeni nimwulizie yeye. Nimesema tutakuja watatu, maana mdogo wangu anataka kumsindikiza. Muuguzi, jipu la namna hiyo linaweza kungoja mpaka Alhamisi au nimpeleke leo leo dharura?

---

Muuguzi wa Zamu (dakika nne baadaye)

Leo. Kinenani hakungojewi. Ana homa?

---

Dada wa Mbagala (dakika kumi baadaye)

Nimemgusa, anawaka. Mdogo wangu ameenda kutafuta bajaji.